Kanda Moja Kati ya Mbili

3 Machi

Mvua imenikuta leo katikati ya barabara, mkate kwapani. Sikukimbia. Mtu wa umri wangu akikimbia, wenye maduka hutoka nje kutazama nani kaibiwa. Nilifika nyumbani nimelowa chapachapa, mkate mkavu ndani ya koti, na simu inaita kama inayogombana na mtu. Alikuwa Mwenye Ukumbi, yule mama aliyerithi jumba la sinema kwa baba yake na hataki kuligeuza duka la samani kama wenzake walivyofanya. Amekubali. Mvua zikiisha ataonyesha filamu zangu zote, wiki nzima, na jioni ya mwisho anataka kitu kipya, kifupi, "cha kuwaonyesha watu wewe ni nani, mzee." Nikamwambia kipo. Kweli kipo, ila bado kipo kichwani.

Nilikaa kitini na soksi zangu mbichi muda mrefu bila kufanya lolote. Nilikuwa nimeshajizoesha wazo kwamba nitakufa na filamu hizi zibaki kabatini kama nguo za marehemu, kila mtu anaogopa kuzivaa na kila mtu anaogopa kuzitupa. Kumbe zitatoka nje mara moja zaidi.

4 Machi

Mvua. Nimeunguza uji.

7 Machi

Dada amepiga simu. Upepo umeng'oa bati za nyumba yake, fundi hawezi kupanda juu mpaka mvua zikatike, kwa hiyo anakuja kukaa kwangu. Hakuomba, alitoa taarifa. Nikamwambia nyumba ni yake. Akasema anajua, nifagie tu.

9 Machi

Amefika. Dada yangu ndiye mtu pekee aliyebaki duniani anayejua nilivyokuwa kabla ya kuhama. Nchi tuliyozaliwa tuliitoka wakati wa vita, yeye na mumewe kwa njia moja, mimi kwa nyingine, tukaja kukutana huku baada ya miaka, kila mmoja akishangaa mvi za mwenzake. Yeye anaishi mji mwingine, mwendo wa nusu siku kwa basi. Umbali huo umetufaa. Tunapendana vizuri zaidi kwa simu.

Nyumba yangu ni vyumba viwili juu ya duka la miwani. Chumba cha kulala nimempa. Cha pili ndicho cha kazi: meza, kompyuta, kinanda, mashine za kanda, rafu za filamu mpaka darini, na benchi ambalo sasa ndilo kitanda changu. Kabla jua halijatua alikuwa ameshavisha kila mashine kitambaa alichofuma kwa mkono wake. Kompyuta imevaa kama bibi harusi. Nilipotaka kufanya kazi ilibidi niombe ruhusa ya kuivua.

11 Machi

Filamu mpya itakuwa ya mikono. Naikusanya kutoka kila kazi niliyowahi kufanya. Kinyozi wa filamu yangu ya kwanza, akinoa wembe. Maharusi nisiowajua wakivishana pete, maana kwa miaka nilikula kwa kupiga picha za harusi. Mchomeleaji kwenye bwawa la umeme. Wakubwa walitaka filamu ya kulisifu bwawa, nikawarudishia filamu ya mafundi, hawakuniita tena. Karani akigonga mihuri. Mpiga besi wa bendi ya hoteli nilimokuwa nikipiga kinanda huku nikingoja mtu anipe kazi ya kamera. Hata mkono ulioshika sabuni, kutoka tangazo ambalo wimbo wake niliutunga kwa mchana mmoja nikiwa na homa, na ndio wimbo wangu pekee ambao watu wanaujua wote hadi mwisho.

Na juu ya mikono hiyo yote itapita sauti ya mama yangu akiimba. Nilimrekodi nikiwa kijana, kwa kinasa sauti cha kuazima, ameketi kizingitini anashona. Kanda hiyo ndiyo kitu pekee nilichotoka nacho nyumbani, ukiacha nguo za mwilini. Vipande vyake nimevitumia hapa na pale, lakini wimbo mzima sijawahi kuutoa. Niliutunzia siku yake. Nadhani siku yake ndiyo hii, maana nyingine sioni itatoka wapi.

13 Machi

Mvua. Dada anasema benchi langu linalia kuliko mimi.

15 Machi

Mwenye Ukumbi amekuja, mwavuli wake umepinduliwa na upepo. Anatengeneza kijitabu cha wiki yangu na alikuwa na maswali. La kwanza lilinitoa jasho. Alitaka anwani ya mtunzi wa muziki wa filamu zangu za mwanzo, ili naye aalikwe, na ya mhariri, na ya fundi wa sauti.

Ikabidi niseme. Siku zile nilifanya kila kitu peke yangu: kamera, sauti, kukata picha, muziki, hata majina ya mwishoni niliyaandika mwenyewe kwa brashi. Jina langu lilipojirudia mno kwenye pazia la sinema niliona haya. Lilionekana kama la mtu asiye na rafiki. Nikabuni watu, kila mmoja na jina lake la heshima. Mambo yalikwenda salama mpaka yule mtunzi aliposhinda tuzo. Nilipanda jukwaani kumpokelea, nikasema anaumwa. Mwaka uliofuata watu wakaniuliza hali yake, wengine kwa huruma ya kweli, nikaona nafuu ni kumhamishia ng'ambo.

Dada alicheka mpaka akashika ukuta. "Yaani umemfukuza nchini mtu ambaye hata kuzaliwa hajazaliwa."

Mwenye Ukumbi naye alicheka, akafuta machozi, akaendelea. Alisema kila aliyewahi kuandika juu ya kazi zangu hutaja jambo moja: kwamba muziki wangu, na mara nyingine hata picha zangu, ukielekea mwisho hupanda na kukaza mwendo, kidogo kidogo, kama mtu anayekaribia nyumbani. Mtindo huo niliutoa wapi? Nikamjibu kwamba sikuutoa mbali. Mama yangu ndivyo alivyoimba. Alianza kwa utulivu, na kadiri alivyokaribia mwisho sauti ilipanda na mwendo ukakaza. Mimi nilimfuata tu.

Aliandika yote. Dada alikuwa ameacha kucheka.

"Mama yupi huyo?" aliniuliza mgeni alipoondoka. "Mama yetu hakuharakisha kitu maisha yake yote. Ukimwita kuna moto, alikuwa anauliza kwanza ni moto wa nani."

16 Machi

Sina budi kuandika hili lote, hata kama mkono hautaki.

Tangu tulipokutana huku nimekuwa nikimwomba Dada aisikilize kanda ya mama, na kila mara amekataa. Alikuwa akisema hataki kumsikia marehemu akiimba kutoka kwenye sanduku. Nilidhani ni ukaidi. Wakati mwingine nilidhani ni wivu, kwa kuwa mama alinibakia mimi na si yeye. Leo asubuhi, bila kuombwa, aliingia chumba cha kazi, akavuta kiti, akaweka mikono magotini kama mtu aliyekuja kupimwa.

"Nifungulie huyo mama yako."

Nikafungua. Nilitazama dirisha ili nisimtazame yeye. Mvua ilikuwa inapiga kioo na sauti ikaanza, nyembamba, safi, ile ile niliyolala na kuamka nayo tangu nilipokuwa mtu. Dada hakufika hata katikati.

"Zima," alisema. Nikazima. "Huyu si mama. Huyu ni mama mdogo."

Mama mdogo, ndugu wa mwisho wa mama, aliishi nasi nyumba moja. Sauti yake ilikuwa kama filimbi na alicheka kila neno. Yeye na mama walijua nyimbo zile zile kwa kuwa walifunzwa na mtu mmoja. Na mimi niliwarekodi wote wawili, wiki ile ile, kila mmoja na kanda yake. Vikaratasi nilivyobandika vilibanduka kwa unyevu. Siku ya kutoka, jirani anapiga kelele nje kwamba gari linaondoka, niliingiza mkono kwenye saraka ya kabati, nikatoa kanda iliyokuwa juu. Moja. Niliposikiliza nilikuwa kambini, zaidi ya mwaka umepita, kwa mashine ya kuazima, watu wengi wamenizunguka nao wanalia wao kwa sababu zao. Nikasema, huyu ni mama. Hapakuwa na mtu wa kunibishia.

Nilimwuliza Dada kama ana hakika.

"Wewe miaka yote hii umekuwa ukiisikiliza mashine," alisema. "Mimi nilikuwa namsikiliza mama."

Nikamjibu vibaya. Nilimwambia yeye alikuwa ameshaolewa akaenda zake, hakuwepo siku ile kizingitini, na masikio yake ya sasa yanahitaji kupigiwa kelele hata akiulizwa kama anataka chai. Alinyanyuka, akairudishia mashine kitambaa chake, akakinyoosha pembe zote, akaenda chumbani.

Sasa ni jioni na bado nimekaa hapa. Kama anayosema ni kweli, basi mama nilimwacha ndani ya saraka. Nilivuka mpaka na mtu mwingine mfukoni, nikamwita mama, nikamtungia muziki, nikajenga kazi ya maisha yangu yote juu ya koo lake, na yule wa kweli aliungua ndani ya kanda yake, nyumba yetu ilipochomwa vitani.

18 Machi

Mvua. Tumezungumza kuhusu chumvi.

19 Machi

Mvua. Kuhusu kitasa.

22 Machi

Nimejaribu kufanya bila wimbo. Nimekaa kwenye kinanda nikatunga kipande cha kuiweka mikono ile, na ni kipande kizuri, najua kazi yangu. Kimenyooka, kina mahali pa kupumulia, kinapanda mwishoni kama kawaida yangu. Ila kinaweza kukaa chini ya mikono ya mtu yeyote. Ni kama tangazo la sabuni lililokwenda shule.

Nilishika simu nimwambie Mwenye Ukumbi kwamba jioni ya mwisho aonyeshe filamu ya zamani, watu hawatajua. Dada aliingia na chai wakati huo, akaiona simu mkononi, akakaa.

"Mama mdogo naye alikuwa mtu," alisema. "Alikubeba mgongoni mpaka miguu yako ikawa inagusa chini. Mwache aimbe."

Nikamwambia tatizo si hilo. Akasema anajua si hilo. Akazungusha kikombe. Kisha, akitazama kile kikombe, alinieleza kwa nini alikataa kusikiliza miaka yote. Alisema kila alipolala na mawazo alijiambia, sawa, mama yupo kwa mdogo wangu, kwenye rafu, siku nikishindwa kabisa nitakwenda nikamsikilize. Alikuwa anamweka akiba. Wiki iliyopita aliona umri umekwenda na bati zimekwenda, akaona afungue akiba yake.

"Unadhani nilifurahi?" aliniuliza.

Nimekuwa nikimhesabia huyu mtu ubaya kwa jambo ambalo limemwumiza kuliko mimi. Mimi nina uongo wangu, nimeuzoea, una sauti. Yeye alitoka chumba hiki mikono mitupu.

Simu sikupiga.

24 Machi

Mvua ya mawe. Mwenye duka la miwani amekuja kuomba ndoo.

26 Machi

Leo nimerudi kwenye kanda yenyewe.

Ni lazima nieleze hili polepole, nilielewe mwenyewe. Kwa miaka mingi situmii kanda ya asili. Ni kuukuu, naogopa itakatika. Natumia nakala niliyoisafisha zamani, nilipopata vyombo vizuri mara ya kwanza. Fundi wa sauti kazi yake ya kwanza ni kuondoa uchafu, nami niliondoa kwa bidii: upepo, mikwaruzo, na mngurumo fulani mzito uliokuwa ukizunguka nyuma ya sauti kutoka mwanzo hadi mwisho. Ilibaki sauti peke yake, kama yai lililomenywa. Nilijisifu sana siku ile.

Leo nilitaka ushahidi. Kikohozi cha mama mdogo, kicheko chake, mtu kuita jina. Nikaivua mashine ya zamani kitambaa, nikaipachika kanda kama mtu anayemvika mtoto mchanga, nikasikiliza na uchafu wote.

Mngurumo ule ni mashine ya kusaga ya jirani. Nilikuwa nimeisahau kabisa. Ilikuwa nyuma ya ukuta wetu, ikinguruma kutwa, na wageni waliotutembelea walikuwa wakipaza sauti bila kujijua. Nilitabasamu. Nikasikiliza zaidi, na tabasamu likaniishia usoni.

Mashine ya kusaga ilikuwa inapanda. Mwanzo wa wimbo inanguruma kwa sauti moja, katikati imepanda kidogo, na mwishoni, pale ambapo sauti ya mwimbaji hupanda na kukaza mwendo, pale pale ulipozaliwa mtindo wangu ulioandikwa magazetini, mashine nayo inapanda na kukaza mwendo pamoja naye, hatua kwa hatua, kama wamefanya mazoezi. Na injini ya kusaga nafaka haina sababu yoyote ya kumfuata mwimbaji. Wakimimina nafaka itazama kidogo, kisha itarudi palepale. Haina hisia. Haikaribii nyumbani.

Kwa hiyo hakuna aliyeharakisha. Ni kile kinasa sauti cha kuazima. Betri zilikuwa zinakufa. Betri zikichoka, mashine inaizungusha kanda polepole wakati wa kurekodi, na kadiri zinavyozidi kuchoka ndivyo polepole inavyozidi. Ukija kuipiga kanda hiyo kwenye mashine nzima, yenye mwendo kamili, kila kitu kinatoka kwa haraka na kwa sauti nyembamba kuliko kilivyokuwa. Mtu wa sauti nzito anatoka filimbi.

Ningelijua hili tangu zamani kama nisingeusafisha ule uchafu. Shahidi alikuwepo, nikamfagia.

Sijamwambia Dada. Naogopa. Inawezekana nikaishusha sauti na bado akawa mama mdogo, mzito kidogo tu. Nimekaa nikitazama mvua na moyo unanienda kama wa mtu aliyeitwa ofisini.

27 Machi

Nimemwambia akiwa anamenya viazi. Alisikiliza yote, kuhusu betri na injini, bila kuacha kumenya. Kisha akauliza swali la maana kuliko yote: "Na utajuaje uishushe mpaka wapi?"

Hapo ndipo palipokuwa na tabu. Injini inaweza kuninyooshea njia, kwamba mwanzo na mwisho viwe sawa. Haiwezi kuniambia ilinguruma kwa uzito gani siku ile. Mimi masikio yangu yameshaharibiwa na kanda yenyewe. Nikamwambia Dada, ni wewe. Duniani hakuna kipimo kingine.

Alinawa mikono, akaifuta, akavua aproni, akaja akaketi kiti kile kile. Nilimwambia afumbe macho na aseme tu, ishuke au ipande. Nikaanza kuipunguza kasi kidogo kidogo.

"Bado," alisema.

Nikapunguza. "Bado. Huyo bado anacheka."

Nikapunguza tena, nadhani kwa wasiwasi nilipitiliza, sauti ikazama kisimani. "Sasa umemfanya baba," alisema, na sote wawili tukacheka, kicheko kibaya cha woga. "Rudi. Rudi kidogo. Taratibu, usimvute."

Nikarudi. Akanyanyua mkono kuniambia kitu, na ule mkono ukabaki hewani.

Sikuuliza. Sauti ilikuwa pana, ya chini, haina haraka na mtu. Kati ya mstari na mstari palikuwa na pumzi, nafasi kubwa ya kutosha mtu kuingia na kutoka. Na ndani ya nafasi hizo kulisikika kitu ambacho nilipokisikia kwa kasi nilikidhani ni mkwaruzo wa kanda, mlio mdogo mkavu, tak.

"Ndiye," alisema Dada. Macho alikuwa bado ameyafumba. "Ndiye huyo, na anakata uzi kwa meno. Mara ngapi nilimwambia atumie mkasi." Kisha: "Mama mdogo hata sindano hakujua kuishika."

Tulisikiliza mpaka mwisho. Hakupanda. Hakukaza mwendo. Alifika mwisho wa kila ubeti kama anavyofika mtu aliye na mchana mzima mbele yake, akaanza ubeti mwingine.

28 Machi

Nimelala mpaka jua likanikuta. Benchi halikulia, au sikusikia.

30 Machi

Furaha ina namna yake ya kuchokoza. Leo nimekumbuka kwamba mtindo wangu wote, ule ambao kijana mmoja aliuandikia tasnifu, niliusomea kwa betri iliyokuwa inakata roho. Nimekuwa nikijitahidi maisha yangu yote kuimba kama mama yangu, na nimeimba kama betri. Nilitegemea jambo hili linivunje. Badala yake nimekuwa nikicheka peke yangu tangu asubuhi. Zile filamu zilizokwisha zimekwisha, na mwisho wake unapanda, na watu waliozipenda hawakukosea kuzipenda. Nimepunguziwa mzigo tu. Sina tena haja ya kumfuata mtu mbio.

Nimempigia Mwenye Ukumbi kumweleza. Akasema kijitabu kimeshakwenda kwa mpiga chapa na mtindo wangu umo ndani kurasa nzima. Dada akapaza sauti kutoka jikoni kwamba waiongeze betri kwenye majina ya mwishoni, maana angalau yenyewe ilikuwepo.

2 Aprili

Manyunyu. Jua la dakika chache, watu wote wametoka kulitazama.

5 Aprili

Nimeweka sauti mpya juu ya mikono. Nilikuwa nimeiandikia kinanda cha kupita chini yake, kazi ya juma zima. Dada alisikiliza mara moja, akasema mama alipoimba hata sisi watoto tulinyamaza, sasa huyu anayepiga vinanda ni nani. Nilibisha kwa dakika moja, kwa heshima ya taaluma. Kisha nikaondoa vinanda vyote. Hata injini nimeirudisha. Inanguruma pale nyuma, na sasa nikiisikia najua ukuta ulikuwa wapi.

Tatizo jipya ni kwamba mama, akiimba kwa mwendo wake, ni mrefu kuliko picha. Mikono yote imekwisha, mpaka ya sabuni, na yeye bado anaendelea. Nimetafuta mikono mingine kwenye rafu zote. Ipo, lakini ni ya kujazia, na mtazamaji ataligundua hilo. Nimeamua picha ziishe, pazia libaki jeusi, na yeye amalize gizani.

7 Aprili

Mwenye Ukumbi hajapenda. Anasema watu wataona giza, watadhani mtambo umeharibika, na wale wa viti vya nyuma watapiga miluzi. Nilitegemea aendelee kusema kuhusu watazamaji, maana tangu mwanzo nimemwona kama mtu wa kujaza viti. Akaniomba nimpigie tena ule mwisho. Akasikiliza amesimama, mwavuli mkononi. Kisha akasema baba yake alikuwa akimwambia kwamba ukumbi wa sinema ni mahali pekee mtu mzima anapolipa ili azimiwe taa. Akasema basi, giza libaki.

11 Aprili

Mawingu mepesi. Fundi amempigia Dada, bati zimewekwa. Dada amemjibu kwamba rangi lazima ikauke vizuri kabla hajarudi. Nimeuliza tangu lini bati linapakwa rangi. Akasema nipike, nisiulize.

16 Aprili

Majina ya mwishoni nimeyaandika kwa brashi kama zamani. Kamera, mimi. Kukata, mimi. Sauti, mimi. Muziki, hakuna. Sikuona haya hata kidogo.

19 Aprili

Hakuna mvua. Barabara imekauka mpaka vumbi limeanza kufikiria kurudi.

Jioni ya mwisho ya wiki yangu ilikuwa leo. Ukumbi haukujaa, lakini watu walikuwa wengi kuliko nilivyostahili kutegemea: mwenye duka la miwani na mkewe, wanamuziki wenzangu waliobaki, wanafunzi, watu nisiowajua kabisa. Dada alikataa kiti cha nyuma nilichomchagulia. Alikaa mbele kabisa, katikati, shingo juu, amevaa kama anayekwenda kuposwa. Mimi nilisimama pembeni ukutani, kwa kuwa sijawahi kuweza kukaa filamu yangu ikionyeshwa.

Ilikwenda. Mikono ikapita, mmoja baada ya mwingine, na mama akaimba juu yao kwa mwendo wake, na nilisikia watu wakitulia, ule utulivu ambao mtu wa kazi yangu huusikia kwa mgongo. Majina yangu yakapita. Mtu mmoja akacheka vizuri. Kisha pazia likawa jeusi, na mama akaendelea.

Tulichosahau wote, mimi na Mwenye Ukumbi, ni kumwambia mtu wa taa. Yeye kazi yake ni kwamba majina yakipita anawasha. Akawasha. Ukumbi wote ukajaa mwanga wa njano, watu wakapepesa macho, wakaanza kutafuta mikoba, mwingine akapiga makofi, safu ya tatu ikasimama. Na chini ya zogo lote hilo mama yuko katikati ya ubeti, anavuta pumzi, anakata uzi.  

Dada hakugeuka. Hakusimama. Alisema tu, kwa ile sauti aliyokuwa akitumia kutuita tule, ambayo ilikuwa ikivuka ukuta na mashine ya kusaga:

"Zimeni taa. Mama hajamaliza."

Waliokuwa wamesimama wakakaa. Mtu wa taa akazima. Tukabaki gizani wote, na mama akaimba hadi mwisho, bila haraka.